Wasomaji Wauliza: Darasa la Mapishi ya Korea Ukiwa Safarini

Katika toleo lililopita niligusia kwa aya moja tu kwamba nilipokuwa Seoul nilijiandikisha katika darasa la mapishi ambamo kila mwanafunzi hupewa kisu, ubao na jiko lake, na sikudhani kwamba aya hiyo ingeniletea barua nyingi kuliko makala yenyewe. Nimechagua tano. Zilizobaki zinauliza mambo yanayokaribiana na haya, na wenyewe watayakuta majibu yao humu.

SWALI: Mimi ni mwalimu wa shule ya upili, Buruburu. Mwezi wa kumi nitakwenda Seoul kwa mafunzo ya kikazi ya wiki mbili, na ratiba imeniachia Jumamosi moja tu ya kufanya nipendalo. Mwenzangu aliyetangulia alilipia darasa la mapishi, lakini anasema mkufunzi alipika mwenyewe tangu mwanzo hadi mwisho, nao wakapiga picha kisha wakala. Nitalitambuaje darasa la kweli kabla ya kulipa? Na kuna haja gani ya kulipa ilhali mapishi yote yamejaa kwenye video za intaneti?

JIBU: Mwalimu, nitaanza na swali lako la pili kwa kuwa jibu lake ndilo litakalokuongoza katika la kwanza. Video itakuonyesha rangi na mpangilio wa kazi, na itakutajia vipimo, lakini haiwezi kukujulisha kabichi iliyolainika kwa chumvi inavyohisika kati ya vidole, wala mboga iliyotiwa maji ya moto inakamuliwa kwa nguvu kiasi gani kabla ya kuungwa kwa mafuta ya simsim. Wakorea wana neno la jambo hili, *son-mat*, yaani ladha ya mkono, nao hulitumia kumsifu mpishi ambaye chakula chake hakiigiki hata ukipewa orodha kamili ya viungo vyake. Kwetu pia kila ukoo una shangazi ambaye chapati zake hazina mfano, na ambaye akiulizwa maji kiasi gani kwa unga kiasi gani, hujibu kwamba utaona mwenyewe ukianza kukanda. Darasa la vitendo ndipo mahali pa kuona mwenyewe, huku kando yako akiwa amesimama mtu anayeweza kukushika mkono na kukuambia kwamba bado.

Sasa nije kwenye kulitambua. Wageni wengi huomba kufundishwa kimchi, yaani mboga zilizotiwa chumvi na viungo zikachachushwa, na hasa ile ya kabichi nzima, nyekundu, inayojulikana duniani kote, na hapo ndipo wanapopunjwa bila ya mtu yeyote kuwadanganya. Kabichi hiyo hupasuliwa vipande viwili au vinne, chumvi ya mawe ikasuguliwa kati ya majani, hasa kwenye vikonyo vyeupe vilivyo vinene, kisha ikaachwa kwa saa sita, nane au usiku kucha hadi ilegee. Darasa la wageni huchukua saa mbili au tatu. Kwa hiyo mkufunzi hana budi kuja na kabichi aliyoitia chumvi jana yake, akaiosha na kuichuja, na kazi itakayokufikia wewe ni kuipaka mchanganyiko wa pilipili kwa glovu, jambo la kufurahisha na linalotoa picha nzuri, lakini ambalo ni sehemu rahisi kuliko zote. Ile sehemu ngumu, inayowashinda watu wakirudi nyumbani, ni chumvi, na ilimalizika wewe ukiwa bado hotelini.

Ndiyo maana ushauri wangu ni kuchagua pishi linaloweza kuanza na kwisha ndani ya saa za darasa. Ikiwa moyo wako uko kwenye kimchi, omba *kkakdugi*, kimchi ya figili nyeupe inayokatwa vipande vya mraba, kwa kuwa figili hutoa maji yake ndani ya nusu saa au saa moja baada ya kutiwa chumvi, na wewe utaishika ikiwa ngumu, utaishika ikianza kulainika, na utaionja katika kila hatua. Ipo pia *geotjeori*, kimchi ya papo kwa papo inayoliwa siku hiyo hiyo kama kachumbari. Wakikuambia kwamba ni kabichi nzima tu wanayofundisha, waulize kama watakuwekea kabichi mbichi moja kando ili uitie chumvi mwenyewe na uilinganishe na ile iliyo tayari. Mkufunzi anayependa kazi yake atafurahia swali hilo, na asiyelipenda amekwisha kukujibu.

Pishi la pili ninalolipendekeza kwa moyo wote ni *bibimbap*, wali unaopangiwa mboga za rangi mbalimbali juu yake, pengine pamoja na nyama na yai, kisha ukachanganywa mezani na *gochujang*, ambayo ni rojo nzito ya pilipili na soya iliyochachushwa. Mji wa Jeonju ndio unaosifika kwa chakula hicho, lakini hufundishwa kila mahali. Ukikitazama kwenye sahani utadhani ni wali na mboga tu, na kwa kweli ndivyo kilivyo. Faida yake kwa mwanafunzi ni kwamba kila mboga hupikwa peke yake kwa namna yake. Karoti hukaangwa kidogo, chipukizi za soya huchemshwa, nayo spinachi huchovywa katika maji yanayotokota kwa muda usiofika dakika moja, ikapozwa kwa maji baridi, ikakamuliwa na kuungwa kwa vidole kwa kitunguu saumu, chumvi au mchuzi wa soya, na mafuta ya simsim. Mboga zilizotayarishwa hivyo huitwa *namul*, na ukishajua *namul* tatu umekwisha kupata kitu utakachokipika Buruburu siku ya Jumatano bila kutafuta kiungo chochote kutoka ng'ambo, maana hata mafuta ya simsim si ya ng'ambo kwetu. Kumbuka tu kwamba mboga tunayoiita spinachi sokoni Nairobi ina majani mapana na vikonyo vinene, kwa hiyo huhitaji muda mrefu kidogo majini kuliko ile laini utakayoikuta kule. Terere, yaani mchicha, itakufaa zaidi. Wakorea wenyewe hula mchicha kwa namna hiyo hiyo, na huuita *bireum-namul*. Huchemsha pia majani ya maboga na kuyafungia wali, na humenya vikonyo vya majani ya viazi vitamu wakavikaanga. Nilipoliona hilo sokoni nilicheka peke yangu, maana nilikuwa nimesafiri nusu ya dunia nikakuta mboga za bibi yangu.

Hilo linanipeleka kwenye soko. Madarasa mengi huanza kwa matembezi ya sokoni, na baadhi ya wasafiri huyaona kama upotevu wa muda. Mimi nayaona kuwa nusu ya somo, mradi ununuzi utakaofanywa ndio utakaopikwa. Soko la Gwangjang, lililoanzishwa mwaka 1905 katikati ya Seoul, ni maarufu kwa *bindaetteok*, chapati nene za ndengu zilizolowekwa, zikasagwa na kukaangwa katika mafuta mengi, na msomaji yeyote wa kutoka Ukambani atasimama hapo kwa muda kujiuliza kwa nini sisi huishia kuzichemsha tu. Uliza, hata hivyo, kama matembezi yamo ndani ya zile saa tatu. Yakichukua saa moja, mbili zilizobaki ni chache kwa mapishi zaidi ya mawili, na darasa linaloahidi mapishi matano ndani ya muda huo litakuwa la kutazama, kama lile la mwenzako.

Mengine niyapitie upesi. Uliza idadi ya wanafunzi, na kama kila mmoja ana jiko lake au wanne watazunguka kaango moja. Uliza lugha ya kufundishia, na kama utapewa vipimo kwa gramu. Ada ni baina yako na mfuko wako, lakini hakikisha imejumuisha viungo na chakula chenyewe, na usihangaike kuhusu bakshishi kwa sababu Wakorea hawana desturi hiyo. Vaa soksi nzima. Ukiingia nyumba ya kienyeji utavua viatu mlangoni. Tena usijiandikishe kwa siku ya pili baada ya kufika: Seoul imetutangulia kwa saa sita, kwa hiyo darasa la saa tatu asubuhi litaukuta mwili wako ukiamini kwamba ni saa tisa usiku, na kisu cha jikoni hakimvumilii mtu anayesinzia.

SWALI: Assalam alaykum. Mimi na mume wangu, wakazi wa South C, tunatarajia kuitembelea Korea Kusini, inshallah. Ninatamani sana darasa la mapishi lakini naogopa nguruwe na pombe. Je, inawezekana, au nijifunze tu kwa kutazama?

JIBU: Waalaykumu salaam, dada yangu. Inawezekana, ila ni lazima useme mapema na useme kwa ukamilifu. Neno "halali" peke yake halitoshi kwa mkufunzi ambaye hajawahi kuishi na Waislamu. Anaweza kuondoa nguruwe kwa moyo mweupe kabisa na akaacha kila kitu kingine kama kilivyokuwa. Nyama ya ng'ombe ya *bulgogi*, kwa mfano, hulowekwa katika mchuzi wa soya, kitunguu saumu, mafuta ya simsim na peasi iliyokunwa, na wapishi wengi humiminia humo pia mvinyo wa kupikia ili kuondoa harufu. Mvinyo huo unaweza kuachwa bila ya pishi kuharibika. Suala la uchinjaji ndilo gumu zaidi, na njia nyepesi ni kuomba siku nzima iwe ya mboga, mayai na samaki.

Kuna kitu kimoja kinachowapita wengi. *Gochujang* ya viwandani mara nyingi hutiwa kiasi kidogo cha pombe ili isiendelee kuchacha dukani, na baadhi ya michuzi ya soya iko vivyo hivyo. Shirikisho la Waislamu wa Korea hutoa vyeti vya halali, na bidhaa zenye alama hiyo zinapatikana, hasa katika maduka yaliyouzunguka Msikiti Mkuu wa Seoul, mtaa wa Itaewon, uliofunguliwa mwaka 1976. Ningekuwa wewe ningenunua mkebe mmoja hapo siku iliyotangulia darasa na kumpelekea mkufunzi kama mgeni anayekuja na zawadi. Hukumu ya viungo vilivyochacha vyenyewe mwulize sheikh wako kabla ya kusafiri, kwa maana mimi ni mtu wa jikoni tu. Na zile chapati za ndengu nilizozisifia hapo juu ziulizie kwanza, kwa sababu wako wanaozichanganya na nguruwe au kuzikaanga kwa mafuta yake. Neno la kushika ni *dwaeji-gogi*, nyama ya nguruwe.

Upo pia upishi wa mahekalu ya Kibudha, ambao hauna nyama wala samaki, na ambao huepuka hata vitunguu vya kila aina, pamoja na kitunguu saumu. Hekalu la Jinkwansa, lililo chini ya milima ya kaskazini-magharibi mwa Seoul, limejijengea jina kwa mapishi hayo. Kama hutapenda kuingia hekaluni, nami nakuelewa, wapo wanaofundisha mapishi ya aina hiyo katika jiko la kawaida mjini. Onyo langu ni kwamba aliyezoea pilau la Pwani ataonja sahani ya kwanza na kudhani kimesahaulika kitu. Aupe ulimi nafasi, kwa sababu ladha yote hapo imewekezwa katika soya iliyochachushwa kwa miezi au miaka ndani ya mitungi ya udongo. Utengenezaji wa viungo hivyo vya soya uliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa wanadamu mwaka 2024, baada ya ule wa kimchi inayotengenezwa kwa ushirika, *kimjang*, ulioingizwa mwaka 2013.

SWALI: Mwanangu mhariri, mimi ni mama mzee wa Kariokor. Binti yangu anasoma Korea na amenitumia tiketi niende nimwone. Anataka twende pamoja kwenye darasa la kupika. Mimi magoti yananiuma, pilipili siiwezi, na naona haya kufundishwa kupika na wasichana wadogo baada ya miaka arobaini jikoni. Nimkatalie?

JIBU: Shikamoo mama. Tafadhali usimkatalie.

Kuhusu magoti, mwambie binti aulize kama darasa hufanyika kwenye meza ndefu za kusimama zenye viti, maana baadhi ya nyumba za kienyeji huwaketisha watu sakafuni kwenye mto, na kuinuka hapo ni kazi kwa mtu mzima. Kuhusu pilipili, chakula chao kingi hakina pilipili hata chembe. Ombeni *japchae*, tambi zinazong'aa za wanga wa viazi vitamu zinazochanganywa na mboga na mafuta ya simsim, au yai la mvuke, *gyeran-jjim*, ambalo hupandishwa katika chungu kidogo hadi likafura kama andazi. Hata kimchi iko nyeupe isiyokuwa na pilipili, *baek-kimchi*, na si chakula cha wagonjwa. Pilipili yenyewe ilitoka bara la Amerika, ikawafikia Wakorea kama ilivyotufikia sisi, na kabla yake watu walikuwa wakitia mboga chumvi vizuri tu. Mkipewa pilipili ya unga ya kupaka, vaa glovu na usijiguse macho.

Na hiyo haya, mama, iache hapa Kariokor. Katika meza ya Kikorea wadogo husubiri mkubwa ainue kijiko ndipo waanze kula, kwa hiyo utakuwa umeketi mahali panapokutambua. Mkono uliokanda unga kwa miaka arobaini utajifunza kufunga *gimbap*, wali unaoviringishwa ndani ya ukurasa wa mwani, kabla ya vijana kumaliza kufunua mikeka yao ya kuviringishia. Nilikuwa na mwanamke wa umri wako darasani kwetu. Wakati sisi tulipokuwa tukisoma karatasi ya vipimo, yeye alikuwa amekwisha kuonja, kuongeza chumvi na kufunika.

SWALI: Mimi ni kijana wa Kayole. Nilipata bahati ya kwenda Korea kwa mashindano, nikafanya darasa la siku moja, na kimchi yetu ilitoka safi sana. Nimejaribu mara tatu tangu nirudi. Ya kwanza ilikuwa chumvi tupu. Ya pili ililainika ikawa kama mrenda. Ya tatu niliifunga kwenye chupa ya kioo, nikalala, na usiku kifuniko kikaruka. Chumba ni kimoja na majirani bado wanaulizia ile harufu. Hata wali wangu hautoki kama wao. Nimekosea wapi?

JIBU: Kaka, pole, na uwape majirani pole zangu. Hujakosea mengi. Ulifundishwa katika jiko la Seoul na unapika Nairobi, na hakuna aliyekuambia tofauti zake.

Chumvi kwanza. Darasani ilitumika chumvi ya bahari yenye chembe kubwa, na kipimo ulichopewa kilikuwa kikombe. Hapa bila shaka umetumia chumvi laini ya mezani, ambayo chembe zake hujibana, kwa hiyo kikombe hicho hicho kimebeba chumvi nyingi zaidi kwa uzito. Tafuta chumvi ya mawe, ambayo pwani yetu ya Kilifi huitoa kwa wingi, na uache vikombe; nunua mizani ndogo ya jikoni. Kwa kimchi ya figili, gramu 20 hadi 25 za chumvi kwa kila kilo ya figili zitakutosha kuanzia. Kwa kabichi nzima kipimo cha kweli ni kikonyo chenyewe: ukikipinda kiwe kinajikunja bila kukatika. Kikikatika kwa mlio, kiache zaidi. Kikishajikunja, osha kabichi mara tatu kwa maji safi, uiinamishe kwenye chujio kwa saa moja au zaidi, kisha uonje jani la ndani. Linapaswa kuwa na chumvi ya kupendeza ulimini, na likikukereketa, rudia kuosha. Kuonja huku ndiko ulikokosa darasani, maana kabichi yako, kama nilivyomweleza mwalimu hapo juu, ilikuja imekwisha kuoshwa.

Ile ya pili iliyolainika, nashuku uliogopa chumvi baada ya kuungua mara ya kwanza. Chumvi kidogo mno huwapa nafasi wadudu wasiotakiwa, na mboga huoza kabla ya kuchacha. Inawezekana pia ulitumia kabichi yetu ya kawaida kwa utaratibu wa ile ya Kichina uliyoikuta darasani. Kabichi ya kawaida hutengeneza kimchi nzuri, na Wakorea wenyewe huifanya, ila huikata vipande na kuitia chumvi kwa muda mfupi. Ukitaka ile ndefu yenye majani yaliyojikunja, pamoja na figili nyeupe ndefu, nenda soko la City Park kule Parklands. Wauzaji wa pale wamezoea wateja kutoka Asia na watakuchagulia iliyo nzito. Uji mwepesi wa unga wa mchele unaochanganywa na pilipili usiuache, kwa kuwa ndio unaoishikisha pilipili kwenye majani na kuwalisha bakteria wanaochachusha. Mchuzi wa samaki ukikosekana, tia uduvi mkavu uliosagwa. Nimejaribu omena pia, nikitarajia makubwa, na sikufurahishwa: dagaa wa kule ni wa baharini na wana chumvi yao, ilhali omena wetu ni wa maji baridi na uchungu wao hubaki nyuma hata ukiwatoa vichwa. Kuwakaanga kavu kwa mchuzi wa soya, sukari na simsim kama Wakorea wanavyowafanya dagaa wao, hapo ni jambo jingine, na nakusihi ulijaribu.

Kifuniko nacho kiliruka kwa sababu kimchi hupumua. Bakteria wakila sukari ya mboga hutoa gesi, na gesi hiyo haina pa kwenda ikiwa umejaza hadi shingoni na kukaza kifuniko. Jaza robo tatu tu, bonyeza mboga hadi maji yake yaifunike, weka chupa ndani ya bakuli, na ulegeze kifuniko mara moja kila siku. Zamani Wakorea waliitia kimchi ya mwisho wa Novemba katika mitungi ya udongo na kuizika ardhini, ili baridi iicheleweshe hadi masika. Siku hizi wana friji maalumu. Nairobi ya Julai itakupa siku mbili za kuchacha mezani, na ya Februari pengine moja. Baada ya hapo ipeleke kwenye friji, na kama huna, tengeneza kidogo kidogo ya kuisha ndani ya wiki.

Wali wako una makosa mawili ambayo hayakuhusu wewe binafsi. Pishori ya Mwea ni mchele mrefu unaonukia na unaoachana punje kwa punje, na ndiyo sababu tunaupenda. Wao hutumia mchele mfupi wa mviringo unaonata, ambao bila yake *gimbap* itamwagika mikononi. Kosa la pili ni mji wenyewe. Nairobi iko zaidi ya mita 1,600 juu ya usawa wa bahari, na maji hapa hutokota kwenye karibu digrii 94, ilhali sehemu kubwa ya Seoul iko chini na maji yake hukaribia digrii 100. Punje nene ya mchele mfupi huisikia tofauti hiyo. Uloweke kwa nusu saa, tia maji mengi kidogo kuliko ulivyofundishwa, upike kwa moto mdogo huku umefunika kwa uzito, na uuache ujikaushe kwa mvuke dakika 10 kabla ya kufunua. Mwenye sufuria ya presha ameshamaliza tatizo hili.

SWALI: Ni mfanyabiashara wa Ngara. Baada ya darasa nitataka kurudi na pilipili ya unga, *gochujang*, mwani, kimchi niliyoitengeneza, na mbegu za ile kabichi nikaipande Limuru. Ni kipi nitanyang'anywa?

JIBU: Mbegu, na ni haki yao. Mbegu haziingii nchini bila kibali cha KEPHIS, shirika la serikali la kukagua afya ya mimea, kinachochukuliwa kabla ya safari pamoja na cheti cha afya ya mimea kutoka nchi zinakotoka, kwa sababu ugonjwa mmoja wa kabichi ukifika Limuru hautaishia kwenye shamba lako. Pilipili ya unga na mwani mkavu vibebe vikiwa katika vifungashio vyake vya dukani ambavyo havijafunguliwa, na uvitaje ukiulizwa. *Gochujang* ni rojo, na katika ukaguzi wa uwanja wa ndege rojo huhesabiwa pamoja na vimiminika, kwa hiyo kopo la zaidi ya mililita 100 likiwa katika mkoba wa mkononi litabaki Incheon, uwanja wa ndege wa Seoul. Litie katika sanduku linalopakiwa chini. Bidhaa za nyama usijaribu kuzibeba.

Kuhusu kimchi yako, umesoma yaliyompata kijana wa Kayole akiwa amelala chumbani kwake. Safari ya kutoka Incheon kupitia Addis Ababa, Dubai au Doha huchukua saa nyingi, na kimchi changa huendelea kutoa gesi muda wote huo katikati ya nguo zako. Ile uliyoitengeneza ule na wenzako kabla ya kuondoka, au umwachie mwenyeji wako. Ukilazimika kabisa, nunua ya dukani iliyofungwa kiwandani kwa ajili ya wasafiri, na usiifunge tena kwa mifuko ya plastiki ya kubebea, ambayo imepigwa marufuku Kenya tangu Agosti 2017 na itakubidi uiache uwanjani. Uzito utakaookoa hapo utumie kubebea pilipili zaidi: omba ile yenye chembe kubwa kwa ajili ya kimchi na ile laini kwa ajili ya michuzi, kwa maana hapa ukitumia pilipili yetu ya unga kwa kiasi kile kile, hakuna atakayemaliza sahani.